Zamu ya Ukingoni

Masomo ya juma hili: Habakuki 2:1–4, Zaburi ya 121, Waebrania 13:1–3.



Kwa kuwa mwaka huu wa 2026 Masasi inatimiza miaka 150 tangu misheni ianze, watu wengi wananijia na swali moja. Wananiuliza vijana wa kwaya, akina mama wa Umoja, watumishi wa halmashauri waliohamia kutoka mikoa ya mbali, hata ndugu zetu Waislamu waliooa na kuolewa katika nyumba zetu: Padre, tukipata siku moja na gari letu wenyewe, twende tukaone nini?

Nawaambia hivi. Anzeni Mtandi asubuhi na mapema, kabla jua halijayachoma mawe. Mkitoka hapo shikeni njia ya Newala, karibu kilomita 70, mvuke Mwiti, mpande uwanda, na mmalizie Shimo la Mungu wakati jua lina nguvu bado ya kuwaonyesha bonde la Ruvuma. Tena nendeni wachache. Safari za Coaster zenye kwaya na spika zina furaha yake, na nimekwenda nazo na kuimba. Lakini mzee anayezijua habari za mahali hawezi kushindana na spika. Mkiwa watu wa kujaa Noah moja, na mdogo wenu akatangulia kushuka na kusema shikamoo, mtaletewa viti, na maneno yatatoka.

Mtandi ni jiwe. Limesimama juu ya nchi ya tambarare na wenzake wamefuatana nalo mstari mmoja, na ukitokea upande wa Ndanda unaliona kabla hujauona mji. Hapo ndipo lilipo Kanisa Kuu la Mtakatifu Maria na Mtakatifu Bartholomayo, na hapo ndipo wageni hupiga picha. Pigeni. Ila msiondoke kabla ya kuielewa njia iliyowaleta watu wa kwanza.

Mwaka 1873 soko la watumwa la Unguja lilifungwa, na pale pale Mkunazini palipokuwa na soko pakaanza kujengwa kanisa. Miaka mitatu baadaye, 1876, Askofu Edward Steere wa UMCA, misheni ya Kianglikana, aliondoka Unguja na kundi la watu waliopata uhuru, wanaume kwa wanawake, akashukia Lindi, wakaanza kwenda bara kwa miguu. Wengi wa watu walioachiwa huru Unguja miaka ile walikuwa wazaliwa wa huku kwetu na nchi za jirani: Wayao, Wamakua, watu wa upande wa Ziwa Nyasa. Waliteremshwa pwani wakiwa wadogo, kongwa shingoni, kwa njia za misafara zilizokatiza nchi hizi kuelekea Kilwa na bandari nyingine. Sasa walikuwa wanapanda njia ile ile waliyoteremshwa. Nia ilikuwa kuwafikisha mbele zaidi, karibu na walikotoka. Walipofika chini ya mawe haya wakaiona ardhi, wakayaona maji, wakakaa.

Mfikirieni mtu mmoja tu katika kundi lile. Lugha ya mama yake ameisahau nusu. Kijiji alichochukuliwa huenda hakipo tena, na ukoo umetawanyika. Hajafika kwao, amefika karibu na kwao, na hapo karibu ndipo anapochimba msingi wa nyumba na kupanda muhogo. Kila nikisimama Mtandi namfikiria mtu huyo kuliko ninavyomfikiria askofu, na naamini askofu mwenyewe asingechukia.

Agosti 1882 Steere alifariki Unguja, akazikwa nyuma ya altare ya kanisa alilolijenga. Majuma machache baada ya msiba huo, mwezi Septemba, Magwangwara, ndio Wangoni wa upande wa Songea, wakaivamia Masasi. Nyumba zilichomwa. Wako waliouawa na wako waliochukuliwa mateka. Watu waliokwisha kufunguliwa mara moja walifungwa mara ya pili, na padre akiwapo, na kengele ya kanisa ikiwapo. Jambo hili halina maelezo mepesi, na mhubiri anayelipa maelezo mepesi anawadhulumu wale watu. Chauncy Maples, padre aliyekuja huku angali kijana, alihama na waliosalia, wakapanda Newala katika nchi ya Matola, chifu wa Kiyao. Baadaye misheni ilirudi Masasi. Mwaka 1905 vita vya Majimaji vikawaka, misheni ikachomwa tena, mapadre wakakimbilia Lindi. Ikajengwa tena.

Hapo kwenye 1905 naomba msipite haraka, hasa mkiwa na watoto. Waliochoma walikuwa watu wa nchi hizi, waliochoshwa na kodi ya Mjerumani, kazi za kulazimishwa na viboko. Misheni za Wabenediktini za Lukuledi na Nyangao ziliteketea mwaka huo huo, na Askofu wao Cassian Spiss aliuawa njia ya Liwale pamoja na mabruda na masista aliokuwa akisafiri nao. Kisha jeshi la Wajerumani likapita likichoma vijiji na maghala ya chakula, na njaa ikaua watu wengi kuliko risasi. Katika parokia zetu wapo wajukuu wa waliopokea dawa ya maji, na wapo wajukuu wa waliobeba vitabu vya kanisa wakakimbia navyo porini. Wanakaa benchi moja, wanaoana, wanazikana. Ukimsimamisha mtoto Mtandi ukamwambia watu wabaya walichoma kanisa la watu wema, umemfundisha uongo juu ya babu zake wa pande zote mbili. Mwambie kweli yote. Watoto wana vifua vya kuibeba.

(Wabenediktini walihamia Ndanda mwaka 1906, kwenye chemchemi. Habari za Ndanda na hospitali yake nitaziandika peke yake juma jingine. Hazistahili kutajwa kwa kupita.)

Haya, barabara. Chukueni maji ya kutosha, na leso ya vumbi. Mikorosho itawasindikiza pande zote mbili, na kama ni msimu mtauziwa mabibo, au ming'oko iliyochemshwa. Nunueni kwa huyo mama wa barabarani, msiagize chakula cha kubeba kutoka mjini. Baada ya Mwiti nchi inaanza kuinuka, gari linabadili sauti, masikio yanaziba, na ghafla mko juu, kwenye upepo.

Uwanda wa Makonde ni mchanga juu ya mwamba unaopitisha maji. Mvua inanyesha vizuri tu, lakini maji yanazama na hayaonekani tena mpaka chini kabisa, kwenye chemchemi za miguuni pa uwanda. Juu hakuna mto. Kwa vizazi na vizazi mwanamke wa Kimakonde aliteremka ukingo kungali giza, akapanda na mtungi kichwani, akapika, akaosha watoto, na siku ya pili akateremka tena. Miaka ya 1950 ndipo mradi wa maji wa Makonde ulipoanza kuyapandisha maji kwa pampu, na hadi leo bomba likikauka madumu yanarudi barabarani, na anayelibeba dumu ni mwanamke yule yule au binti yake. Kiangazi, wakati Maples na wenzake wako Newala, maji ya kubatizia nayo yalipanda kichwani mwa mtu. Sidhani kama kuna kitabu cha misheni kilichomtaja huyo aliyeyabeba. Mimi namhesabu katika wahudumu wa sakramenti ile.

Lakini kwa nini watu wakae juu pasipo na maji, na chini maji yapo? Waulizeni wazee wa Newala, watawajibu bila kusita. Chini walipita wakamata watu, na baadaye Magwangwara. Juu palikuwa na kichaka kizito cha kuwaficha, vijiji vidogo vidogo ndani yake, na ukingo ambao ukisimama unamwona anayekuja akiwa bado mbali. Wamakonde walipima kiu na kongwa, wakaichagua kiu.

Kwa hiyo mtakapofika Shimo la Mungu, mjue mnasimama mahali pa namna gani. Ardhi inakatika. Chini ni miti hadi miti, korongo ndani ya korongo, kisha tambarare, kisha ukanda wa Ruvuma, na ng'ambo yake Msumbiji, mpaka jicho linachoka kabla nchi haijaisha. Nimeona sehemu nyingi za kusini yetu, na kwangu mimi hakuna inayoifikia hii. Msione haya kufurahi. Mungu hakutunyima macho. Kaeni kimya kidogo, simu mfukoni. Uzuri huu, hata hivyo, tumeachiwa na watu waliokuja ukingoni kwa shughuli nyingine. Walikuwa kwenye zamu.

Hapo ndipo nataka kumleta Habakuki. Nabii huyu hakuanza kwa kusifu. Alianza kwa kulalamika: dhuluma iko mbele ya macho yake, sheria imelegea, mwovu amemzunguka mwenye haki, na Mungu kanyamaza. Alipokwisha kulalamika hakwenda kulala, wala hakuacha imani. Alipanda mnarani kama mlinzi, akashika zamu yake, akangoja aone ataambiwa nini. Aliambiwa ayaandike aliyoonyeshwa, kwa maandishi ya wazi, na kama yakikawia ayangojee. Sisi mara nyingi tunapanda mahali pa juu ili tusahau kidogo yaliyo chini. Nabii alipanda ili ayaone vizuri zaidi.

Na mlinzi ana kazi mbili, si moja. Ya kwanza tunaijua: kumtambua adui na kupiga ngoma. Ya pili inasahaulika, nayo ni kumtambua mgeni, ili watu wajue ni nani wa kufunguliwa. Mwaka 1882 watu wa Newala waliona wanaopanda kutoka upande wa Masasi. Walikuwa wamechoka, wana watoto, na nyuma yao kulikuwa na vita ambavyo vingeweza kuwafuata mpaka juu. Kwa hesabu ya usalama, kuwapokea ilikuwa hatari. Matola wakati huo hakuwa Mkristo, naye alikuwa na watu wake wa kuwalinda. Akawapokea. Kanisa la Newala lilianza kwa mtu asiye wa Kanisa kufungua mlango, na kila Mkristo wa Newala anayemtazama jirani yake Mwislamu kwa jicho la pembeni angefaa alikumbuke hilo.

Mlango ule ukiwa wazi, mengi yalipita. Mwaka 1886 alikuja Chitangali, katika nchi hiyo hiyo, shemasi Cecil Majaliwa, mwenye asili ya utumwa, aliyesomeshwa Kiungani Unguja na kisha Canterbury, Uingereza. Mwaka 1890 akapewa upadre, Mwafrika wa kwanza kuupata katika misheni yetu. Kazi ya Chitangali ilikuwa mikononi mwake, na nyumba ya Nakaam, chifu wa pale, iliingia katika imani. Baadaye Dayosisi ya Masasi ilipoanzishwa mwaka 1926, askofu wake wa kwanza, Vincent Lucas, alikuwa amekwisha kutambua kwamba jando halikuwa adui wa Injili. Akalifungulia mlango, likafanyika pamoja na mafundisho na sala. Wamisionari wengine walimlaumu. Nami naona alikuwa mlinzi mzuri, maana alitazama mpaka akamjua aliyekuwa anakuja.

Ng'ambo ya Ruvuma, juu ya uwanda wa Mueda, wapo Wamakonde pia. Ni ndugu: lugha moja kwa sehemu kubwa, na mto si ukuta. Vita vya ukombozi wa Msumbiji vilipoanza Septemba 1964 familia zilivuka kuja kwetu, na kusini hii ikawapokea. Askofu wetu miaka ile, 1960 hadi 1968, alikuwa Trevor Huddleston, aliyekuwa amesimama na watu wa Sophiatown dhidi ya ubaguzi wa Afrika Kusini. Hakuhitaji kufundishwa mkimbizi ni nani, na waumini wake hawakuhitaji.

Siku hizi ni vigumu zaidi, na sitaki kulificha hilo. Tangu 2017 Cabo Delgado iko katika vita vya namna nyingine. Oktoba 2020 moto uliruka mto: kijiji cha Kitaya, mkoani kwetu Mtwara, kilishambuliwa na watu wakauawa. Mwenye hofu baada ya hapo simlaumu. Serikali ina walinzi wake na wana kazi yao, tuwaombee. Lakini nasikia, tena mara nyingine nje ya mlango wa kanisa tukitoka Misa, mtu akisema kwamba kila anayevuka mto ni mmoja wa washambuliaji hao. Huyo ameacha zamu. Mlinzi asiyeweza kumtofautisha mama aliyebeba mtoto na mtu aliyebeba bunduki hatufai, maana atatuangamiza kwa njia mojawapo kati ya mbili. Mwandishi wa Waebrania ameweka mambo matatu mahali pamoja: kupendana kama ndugu, kumkaribisha mgeni, na kuwakumbuka waliofungwa kana kwamba tumefungwa pamoja nao. Nchi iliyoanzishwa na watu waliotolewa kongwa shingoni inapaswa kulisoma lile la tatu ikiwa imesimama.

Kwa hiyo mkifika ukingoni, msiombee safari yenu tu. Geukieni kusini, muitaje Mueda kwa jina. Someni Zaburi ya 121 mkiwa mmesimama nje kwenye upepo, na kama mna bibi anayejua kuisema kwa Kimakonde au Kiyao, yeye ndiye aongoze, Kiswahili kifuate. Kama ni saa sita, semeni Malaika wa Bwana kama tulivyofundishwa na waliotutangulia. Kama mmekwenda na mkwe Mwislamu na wakati wake wa sala umefika, msubirini kwa heshima, nanyi nyamazeni.

Kuna zamu nyingine ambayo haihitaji gari. Nimekuwa nikiwaza habari zake tangu mavuno ya korosho yaliyopita. Kongwa la zamani lilionekana. Mtu akiliona shingoni mwa mtoto alijua. La siku hizi linakuja na nauli ya basi na simu mpya. Anakuja mtu, huenda ni jamaa, anasema kuna kazi ya ndani Dar es Salaam, mama mwenye nyumba ni mcha Mungu, mtoto atasomeshwa cherehani. Binti amemaliza darasa la saba, nyumbani korosho hazikutosha, anapanda basi la alfajiri. Wengine wanafika kwa watu wema na wanalipwa. Nawajua na nawashukuru hao watu. Wengine simu inazimwa baada ya mwezi wa kwanza, na baba hajui hata mtaa alipo mwanawe. Nimeketi na wazazi wa namna hiyo. Wanachoniuliza si mshahara. Wanauliza kama yu hai.

Babu zetu walikubali kukosa maji ili watoto wasichukuliwe, nasi hatuwezi kukubali kuuliza maswali manne kabla mtoto hajapanda basi? Nani anamchukua, jina lake kamili. Anampeleka kwa nani, mtaa gani. Nani mwingine ana namba ya simu ya nyumba ile. Atarudi lini kutusalimu. Mjumbe aandike, mzee wa kanisa aandike, mwalimu wa madrasa aandike, na anayemchukua mtoto aone tunaandika. Mwenye nia njema hatakasirika.

Habakuki aliambiwa aandike, nami nimenunua daftari. Jumapili hii baada ya Misa ya pili nitakaa chini ya mwembe wa ofisi, na nitakaa hapo mpaka jioni. Anayemjua mtoto aliyeondoka tangu Pasaka iliyopita na hajasikika, wa kabila lolote na dini yoyote, aje anitajie jina lake na siku aliyoondoka. Akina mama wa Umoja wameahidi kuwapigia wenzao wa Dar es Salaam, parokia kwa parokia, na tutaanza na majina ya zamani zaidi.